Nani Yu Macho Usiku Huu?

Usiku huu namsalimu yule aliyeweka redio yake karibu na mto, akaipunguza sauti ili asiwaamshe wengine. Na pengine hana mwingine wa kumwamsha. Neno langu la leo ni lake.

Hapa Kisumu na kandokando ya ziwa letu, usiku hauna majira. Mstari wa Ikweta unapita pale Maseno, safari fupi tu kutoka mjini. Watu wa Ulaya wana miezi ambayo giza huwa fupi, nao hupata kupumzika nalo. Sisi hatuna miezi hiyo. Iwe Januari au iwe Julai, jua likizama, ni kama saa kumi na mbili za giza mpaka lichomoze tena. Yaani karibu nusu ya maisha yetu tunaishi usiku. Lakini mahubiri yetu mengi ni ya mchana. Tunahubiri juu ya kazi, juu ya shamba, juu ya sadaka na mwenendo mwema. Ni mara chache tunamwuliza Mkristo mwenzetu, "Ndugu yangu, wewe usiku hukaaje?"

Mchana una kelele zake, na kelele husaidia. Kuna matatu na boda boda, kuna wachuuzi wa soko la Kibuye, kuna majirani wanaoitana. Mtu mwenye huzuni aweza kujificha ndani ya kelele hizo hata jioni. Kisha mlango unafungwa, taa inazimwa, na sauti ndogo zinaanza kuwa kubwa. Mbwa anabweka mbali. Bati la nyumba, lililochomwa na jua mchana kutwa, linapoa na kulia juu ya kichwa chako, nawe unafikiri ni hatua za mtu. Hapo ndipo mawazo yaliyokuwa yakingoja nje yanapoingia yote pamoja. Karo ya shule. Ugonjwa usioeleweka. Mtoto aliyekwenda kutafuta kazi Nairobi au Uarabuni, na sasa hapigi simu. Kaburi la mpendwa, lililo hatua chache tu kutoka mlangoni.

Wako Wakristo ambao huona haya kwa ajili ya jambo hili. Husema moyoni, "Mimi nimeokoka, ninaimba kwaya, ninatoa ushuhuda. Mbona ikifika saa nane ya usiku naogopa kama mtoto?" Kwa sababu ya haya hawamwambii mtu, na kutosema huko kunaongeza upweke juu ya upweke.

Ndugu mpendwa, fungua Biblia yako uone. Katika Zaburi ya 6 Daudi anaeleza jinsi anavyolowesha kitanda chake kwa machozi usiku. Katika Zaburi ya 77 Asafu analalamika kwamba macho yake hayapati kufumba. Katika Zaburi ya 102 mtu aliyeteswa anajifananisha na ndege aliye peke yake juu ya paa. Ayubu, katika sura ya 7, anasema kwamba akilala hungoja tu kuche, akijigeuza huku na huku. Watu hawa hawakuwa makafiri. Walikuwa watu wa Mungu, na maneno yao yaliandikwa ili sisi tusione haya.

Tena yuko mkubwa kuliko hao. Usiku ule wa Gethsemane, Bwana wetu Yesu Kristo alihuzunika mno. Je, aliwaficha rafiki zake? La. Aliwachukua Petro, Yakobo na Yohana, akawaambia wazi kwamba roho yake ina huzuni kiasi cha kufa, akawaomba wakae wakeshe pamoja naye. Mwana wa Mungu aliomba mtu wa kukesha naye. Nao walilala. Kama Yesu hakuona haya kuomba mwenzi wa usiku, wewe nawe usione haya.

Sasa twende ziwani kidogo. Ukisimama ufukweni Mbita, au Rusinga, au kule Uyoma, usiku usio na mbalamwezi, utaona taa nyingi juu ya maji kama mji. Ni wavuvi wa omena. Zamani walitumia karabai; siku hizi wengi wana taa za betri na za jua. Nuru huvuta wadudu, nao omena hufuata penye nuru, kisha wavu huzungushwa na kuvutwa. Kwa mtu wa nchi kavu taa zile ni za kupendeza. Kwa mvuvi ni kazi ya hatari, na kwa mke wake aliyebaki nyumbani ni usiku wa kusikiliza upepo.

Yafaa kujua kwa nini upepo huo ni mkali usiku. Mchana nchi kavu hupata joto upesi kuliko maji, basi upepo hutoka ziwani kuja kwetu. Usiku nchi hupoa upesi, na maji yakabaki na joto. Basi upepo hugeuka, ukatoka nchi kavu pande zote na kukutana katikati ya ziwa. Hewa yenye unyevu hupanda juu, mawingu hujikusanya, na radi na dhoruba hupiga hasa usiku na kabla ya mapambazuko. Ziwa hili, ambalo wazee waliliita Nam Lolwe, lina ukubwa wa kilomita za mraba karibu 68,800. Kwa makadirio yanayotajwa na wataalamu wa hali ya hewa, watu kati ya 3,000 na 5,000 hufa maji humo kila mwaka, ukihesabu Kenya, Uganda na Tanzania pamoja. Basi mama wa Rusinga anayesikiliza upepo usiku hasumbuliwi na ndoto tu. Anajua anachokiogopa.

Wanafunzi wa Yesu nao walikuwa watu wa ziwa. Ziwa lao la Galilaya lina urefu wa kilomita 21 hivi. Mvuvi wa kwetu angeliona dogo. Lakini dhoruba zake ni za kweli. Katika Marko sura ya 6 tunasoma kwamba jioni ile chombo chao kilikuwa katikati ya bahari, na Yesu alikuwa peke yake katika nchi kavu, baada ya kwenda mlimani kuomba. Upepo uliwapinga. Walipiga makasia kwa taabu. Naye akawaendea katika zamu ya nne ya usiku, yaani baada ya saa tisa, ule wakati ambao mtu aliyekesha amechoka kabisa na asubuhi bado haionekani.

Angalieni neno moja ambalo Marko amelitia hapo, nasi tukisoma haraka tunaliruka. Anasema kwamba Yesu aliwaona wakitaabika. Alikuwa bado nchi kavu, nao walikuwa mbali, lakini aliwaona. Kwa saa nyingi walipiga makasia wakidhani kwamba wako peke yao, na kumbe wanaonwa. Zaburi ya 121 inatufundisha jambo lilo hilo: mlinzi wa Israeli hana usingizi, hata kusinzia hasinzii. Askari wa usiku aliyejifunika koti kwenye lango la duka la Mtaa wa Oginga Odinga aweza kusinzia, maana ni mwanadamu na amechoka. Mungu hasinzii.

Lakini najua yuko anayejibu, "Pasta, kuonwa ni vizuri, lakini mimi hapa niko peke yangu chumbani." Ni kweli. Kama Yesu angaliwaona tu kutoka mlimani, wangalizama huku wanaonwa. Injili ni kwamba aliona, akaja, akapanda chomboni pamoja nao. Ndipo upepo ukakoma.

Tena liko jambo jingine, na hili ndilo ninalotaka mlichukue usiku huu. Walipomwona akija, walifikiri ni kivuli, ni pepo, wakapiga yowe. Rafiki yao, msaidizi wao, ndiye aliyekuwa anakuja, na hofu ikawafanya wamdhanie kuwa kitu kibaya cha usiku. Giza lina kazi hiyo. Humchukua mtu mwema, likamfanya mzuka.

Sisi wa pande hizi tunalijua jambo hilo kuliko wengi. Nani kati yetu hakulelewa na habari za jajuok, yule mkimbiaji wa usiku? Tuliambiwa kwamba hutupa mchanga juu ya bati, hutikisa milango, hukimbia uani bila nguo. Watoto hujifunika gubigubi, na watu wazima nao, ingawa mchana hucheka, usiku hawachekelei sana. Sitaki kubishana leo juu ya nani amesikia nini. Nataka kuuliza swali moja tu. Kijiji kikiisha kuogopa, ni nani hunyoshewa kidole? Mara nyingi ni yule anayeishi peke yake. Ni nyanya ambaye wanawe wamekufa. Ni mzee asiye na wa kumtetea. Taa yake inawaka usiku wa manane, na watu husema, "Anafanya nini saa hizi?" Kumbe hana usingizi tu. Ni mpweke, kama wewe.

Haya si maneno matupu. Mwezi wa Oktoba 2021, huko Marani katika kaunti ya Kisii, si mbali nasi, akina mama wazee wanne waliuawa na umati wa watu walioshuku kwamba ni wachawi. Walikuwa mama zetu. Wapendwa, tusiseme kwamba ni mambo ya watu wengine. Njia ile huanza pole pole katika kijiji chochote. Kwanza hatumtembelei mtu. Kisha hatumjui. Kisha tunamwogopa. Na mtu akiisha kuogopwa, lolote laweza kutendwa juu yake, na wenye kutenda wakadhani wanajilinda.

Basi dawa ya hofu ya usiku na dawa ya upweke ni moja. Ni kuendeana. Yesu alipanda chomboni, wakamtambua. Nawe ukiingia nyumba ya jirani yako, ukaketi, ukanywa chai yake, utamtambua, na yule jajuok wa mawazo yako atakuwa mama fulani mwenye maumivu ya magoti na picha ya marehemu mumewe ukutani.

Mababu zetu walilifahamu jambo hili. Zamani nyanya hakulala peke yake. Watoto walilala katika nyumba yake, katika siwindhe, wakasikia hadithi na mafundisho mpaka usingizi ukawachukua. Tunasema kwamba siwindhe ilikuwa shule ya watoto, na ni kweli. Lakini ilikuwa pia ulinzi wa nyanya: usiku alisikia pumzi za watoto karibu naye.

Na katika matanga je? Mtu akifa, nyumba yake haiachwi pweke. Moto huwashwa uani, majirani huja na mablanketi, akina mama hulala chini pamoja na mjane, na nyimbo za Mungu huimbwa mpaka kuche. Yako mengi katika matanga ambayo kanisa limeyakemea, na kwa haki: gharama zinazowaacha watoto bila karo, ulevi, na zile disko matanga zinazowaharibu vijana. Lakini ndani ya desturi ile mna jambo la Kikristo kabisa, kwamba aliyefiwa asiachwe peke yake gizani.

Tuliona thamani yake tulipoikosa. Tarehe 27 Machi 2020, kwa ajili ya ugonjwa wa korona, kafyu ilianza katika Kenya yote, tangu saa moja jioni hadi saa kumi na moja alfajiri. Juni 2021 ugonjwa ulipopanda katika nchi za ziwa, kaunti 13, Kisumu ikiwa mojawapo, ziliwekewa tena kafyu ya saa moja jioni. Sikusudii kuilaumu amri ile. Ilikuwa ya kuokoa maisha. Lakini maziko yalifanywa haraka, watu wachache wakasimama mbalimbali, na jioni ilipokaribia kila mtu alikimbilia kwake. Wajane wengi waliingia usiku ule wa kwanza bila moto uani na bila sauti ya mtu. Kafyu iliondolewa tarehe 20 Oktoba 2021, tukashukuru Mungu, tukarudia matanga yetu.

Lakini nauliza, baada ya maziko huwa vipi? Hema hushushwa, viti vya kukodi hurudishwa, magari huelekea Nairobi na Mombasa. Mchungaji naye huenda kwenye maziko mengine. Siku ya kumi, siku ya arobaini, mwezi wa sita, ni nani huingia katika nyumba ile jioni? Kafyu ya serikali iliisha, lakini yako majumba katika parokia zetu ambamo kafyu haijaisha, kwa kuwa hakuna anayebisha hodi baada ya jua kuzama.

Sasa niseme na wewe uliye macho. Kwanza, mwambie Mungu hofu yako kwa jina lake. Usisali sala ya jumla tu. Sema, "Bwana, naogopa ugonjwa huu. Naogopa kesho. Nina upweke." Katika Sala za Jioni za kanisa letu iko sala fupi ya kuomba nuru na ulinzi juu ya hatari za usiku, nayo Waanglikana wameisali tangu kitabu cha sala cha mwaka 1549. Wale waliotuachia sala hiyo hawakudhani kwamba Mkristo haogopi giza. Walijua anaogopa, ndiyo maana wakaiweka iwe ya kila jioni.

Pili, usiketi kuhukumu maisha yako saa nane ya usiku. Hakimu wa saa hiyo hana huruma, na mashahidi wake wengi ni waongo. Usikate shauri la kuvunja ndoa, wala la kuacha kazi, wala la kukata tamaa. Inuka, kunywa maji, keti, soma Zaburi moja polepole. Waambie mawazo yale, "Ngojeni asubuhi." Ukiyatazama tena kwenye nuru, mengine utayaona ni madogo, na yale makubwa utapata mtu wa kuyabeba pamoja nawe.

Tatu, kukicha, mwambie mtu mmoja. Na kama usingizi umekukimbia majuma mengi, au kama wazo la kufa linakujia, usingoje tena. Mwamshe mtu usiku huu huu, kisha nenda kwa daktari. Nenda kituo cha afya kilicho karibu nawe, au hospitali yetu kuu ya rufaa hapa Kisumu, ile tunayoizoea kwa jina la Russia. Kufanya hivyo si kukosa imani. Nabii Eliya, katika 1 Wafalme sura ya 19, aliketi chini ya mretemu akaomba afe. Mungu hakumkemea. Alimwacha alale, akamtuma malaika na mkate na maji, akalala tena, akala tena. Ndipo baadaye akasema naye. Mungu anaujua mwili wetu.

Na ninyi mnaolala vizuri, mshukuruni Mungu, lakini msikilizeni. Kesho jioni hesabuni majumba yaliyo karibu nanyi. Ni nani anayelala peke yake? Ni mke gani ambaye mumewe yu ziwani? Ni nani aliyezika mwaka huu? Akina mama wa kanisa, gawaneni majumba hayo, kila mmoja achukue moja. Akina baba, msiwaachie wanawake kazi hii. Wako wajane wanaume ambao hawajapikiwa wala kusemeshwa tangu maziko. Wazazi, watoto wakifunga shule, wapelekeni wakalale kwa nyanya yao. Na mwende jioni, wakati taa zinawashwa, maana saa hiyo ndiyo ngumu. Hamhitaji kuhubiri. Ketini tu. Kesheni naye hata saa moja, ile ambayo wanafunzi walishindwa kumpa Bwana wao.

Na tuombe.

Ee Baba, usiyelala wala kusinzia, uwatazame wote walio macho usiku huu: wavuvi juu ya maji, na wanaowangoja, wagonjwa, na wauguzi wao, walinzi malangoni, wajane na yatima, wazee walio peke yao, na wale wanaoogopwa bure na jirani zao. Uwajie kama ulivyowajia wanafunzi wako katika zamu ya nne. Utuondolee hofu inayotufanya tusiwatambue ndugu zetu. Na utuinue sisi tuliopumzika, twende kubisha hodi kwa jina lako. Kwa Yesu Kristo Bwana wetu. Amina.

Laleni salama, wapendwa. Na wewe usiyeweza kulala, Bwana yu macho pamoja nawe.